Maswali ya Wasomaji: Tembo wa Asia Akishaokolewa, Anakwenda Wapi?

Makala ya toleo lililopita kuhusu tembo wa Asia iligusia kwa ufupi mno habari za wanyama waliofunguliwa minyororo na kupelekwa katika makao maalumu ya kuwatunza, na ufupi huo umetuletea barua nyingi kuliko tulivyotazamia. Tumechagua sita. Pale ambapo wasomaji kadhaa waliuliza jambo moja, tumeyaunganisha maswali yao.

SWALI: Ndugu Mhariri, kila mara tunaambiwa kwamba tembo wa Afrika wanakwisha. Sasa mnatuandikia kwamba tembo wa Asia ndio walio katika hali mbaya zaidi. Tushike lipi? (Msomaji wa miaka mingi)

JIBU: Shika yote mawili, ndugu msomaji. Tembo wa Afrika, ambao tangu mwaka 2021 wanaorodheshwa kuwa spishi mbili, wa nyika na wa msituni, walikadiriwa katika ripoti ya mwaka 2016 kuwa takriban 415,000. Tembo wa Asia waliobaki porini wanakadiriwa kuwa kati ya 40,000 na 50,000 tu, nao wametapakaa katika nchi 13, kuanzia India, Nepal na Sri Lanka hadi Vietnam, kusini mwa China na visiwa vya Sumatra na Borneo. Muungano wa Kimataifa wa Uhifadhi wa Mazingira, IUCN, umewaweka katika orodha ya viumbe walio hatarini kutoweka tangu mwaka 1986. Wale wa Sumatra wako katika daraja la hatari kubwa zaidi, na wale wadogo wa Borneo, ambao hawazidi sana 1,000, waliorodheshwa peke yao mwaka 2024.

Takriban nusu ya tembo wote wa Asia wa porini, au zaidi, wako India, na hata huko hesabu inahitaji kusomwa kwa uangalifu. Mwaka 2017 ilitangazwa kwamba wako 27,312, ilhali makadirio yaliyotolewa mwaka 2025, ambayo yalitegemea vinasaba vilivyopatikana katika kinyesi, yalitoa idadi ya 22,446. Anayechukua namba ya kwanza akatoa ya pili, kisha akatangaza kwamba tembo karibu 5,000 wamekufa, amekosea, kwa sababu njia mbili tofauti za kuhesabu haziwezi kulinganishwa hivyo.

Kwa nini basi habari zao hazivumi? Kwa maoni yetu, sababu ni pembe. Majike wa tembo wa Asia hawana pembe zinazochomoza kama za wenzao wa Afrika, na hata miongoni mwa madume wako wengi wasiokuwa nazo. Huko Sri Lanka dume mwenye pembe ni nadra. Picha za shehena za pembe zilizokamatwa bandarini, ambazo ndizo zilizouamsha ulimwengu, kwa kiasi kikubwa zilikuwa picha za msiba wa Afrika. Hata hivyo, mkataba wa kimataifa unaosimamia biashara ya viumbe walio hatarini ulipiga marufuku biashara ya tembo wa Asia tangu mwaka 1975, miaka 14 kabla ya kuchukua hatua hiyo kwa tembo wa Afrika.

SWALI: Kama si pembe, ni nini kinachowaua? (Mwanafunzi wa sekondari)

JIBU: Ujangili upo, na tusiufanye mdogo. Nchini Myanmar, katika miaka ya karibuni, majangili wamekuwa wakiwaua tembo kwa ajili ya ngozi, ambayo husagwa kuwa unga wa dawa au huchongwa vipande vidogo vya kutengenezea shanga, na ubaya wa biashara hiyo ni kwamba haichagui: dume, jike na ndama wote wana ngozi. Kwa upande mwingine, mahali ambapo madume wenye pembe wamewindwa kwa muda mrefu, majike hubaki wengi na madume wa kuzalisha huwa wachache.

Lakini kinachowamaliza zaidi ni kukosa mahali pa kupita. Tembo mmoja aliyekomaa huweza kula kilo 150 za majani, magome na matunda kwa siku, na kwa ajili hiyo kundi haliwezi kukaa mahali pamoja. Njia walizokuwa wakipita kwa vizazi vingi, ambazo wahifadhi huziita shoroba, zimekatwa na mashamba ya chai na michikichi, na migodi, mifereji, barabara na reli. Mwezi Februari 2025 treni ya abiria iligonga kundi la tembo karibu na Habarana, Sri Lanka, wakafa sita. Nchini India, umeme ndio unaoongoza kwa kuua tembo kwa sababu zisizo za asili: nyaya za gridi zilizolegea zikaning'inia chini, au waya ambao mkulima ameuunganisha moja kwa moja na umeme mkali ili kuzungushia shamba lake.

Halafu kuna yale yanayofanywa kwa kusudi. Huko Sri Lanka baruti hufichwa ndani ya chakula, na mnyama akiuma hulipuka kinywani. Huenda asife palepale. Taya huvunjika, ulimi huchanika, naye hutembea kwa siku au wiki kadhaa bila kuweza kula. Mwezi Mei 2020, katika wilaya ya Palakkad, jimbo la Kerala nchini India, jike mwenye mimba aliyejeruhiwa hivyo aliingia mtoni akasimama humo, kinywa na mkonga vikiwa majini, mpaka akafa. Mwaka 2013, katika jimbo la Sabah nchini Malaysia, tembo 14 wa Borneo walikutwa wamekufa, ikidhaniwa kwamba walilishwa sumu. Jike yule wa Kerala hakuuawa kwa ajili ya pembe. Baruti za namna hiyo hutegwa kwa ajili ya wanyama wanaoharibu mazao. Ndiyo maana swali linalofuata tumelipa nafasi kubwa.

SWALI: Mimi ni mkulima, na ninajua maana ya kupoteza mavuno ya mwaka mzima kwa usiku mmoja. Kwa nini serikali za huko zisiwakamate tembo wasumbufu zikawapeleka mbali, ndani ya hifadhi, na watu wakalala usingizi? (Mkulima)

JIBU: Swali lako ni la haki, na jibu lake la kwanza ni kwamba njia hiyo imejaribiwa sana. Mnyama hupigwa sindano ya usingizi, akafungwa kamba, akapakiwa kwenye lori akiwa nusu macho, kisha akafunguliwa katika hifadhi ya mbali. Kijiji hushangilia, na picha huwa nzuri. Watafiti nchini Sri Lanka waliamua kuangalia kinachotokea baada ya lori kuondoka: waliwavalisha madume 12 waliohamishwa kola zenye mitambo ya kuonyesha mahali walipo, na matokeo yakachapishwa mwaka 2012. Baadhi walianza safari ya kurudi walikotoka. Wengine walizurura wakipita katika maeneo wasiyoyajua, na wengine walitulia mahali papya, lakini si ndani ya hifadhi walimoachiwa. Watafiti walihitimisha kwamba uhamishaji ulisambaza mgogoro na kuuzidisha, na uliongeza vifo vya tembo wenyewe. Kijiji kimoja kilipata nafuu, na vingine ambavyo havikuwa na tatizo vikalipata.

Kuswaga kundi zima kwa fataki na kelele hadi ndani ya mipaka ya hifadhi, kisha kufunga uzio nyuma yao, nako hakujafaulu. Majike na ndama, ambao aghalabu hawavamii mashamba, ndio wanaoswagika kwa urahisi, wakabanwa mahali pasipo na malisho ya kutosha. Madume wazoefu, ambao ndio wavamizi wakubwa, hukwepa au hurudi. Tena uzio wa umeme uliowekwa kwenye mpaka wa hifadhi mara nyingi una msitu pande zote mbili na tembo pande zote mbili, kwa hiyo hauzuii kitu. Dume akishagundua kwamba nguzo ya mti haipitishi umeme, huisukuma tu.

Kilicholeta matumaini zaidi ni kuugeuza uzio: badala ya kuwafungia tembo, unazungushiwa kijiji na mashamba. Katika baadhi ya maeneo ya Sri Lanka, wakulima wenyewe husimika uzio mwepesi wa umeme wa kushtua tu, usioua, kuzunguka mashamba ya mpunga wakati wa kupanda, wanaukagua kila siku kwa zamu, na baada ya kuvuna wanaung'oa ili tembo waingie kula mabua. Uzio hudumu kwa sababu mwenye mpunga ndiye anayeukagua. Tunaona kwamba hapo ndipo siri ilipo: uzio wa idara ukiharibika, hakuna anayekosa usingizi, lakini uzio wa shamba lako ukiharibika, unajua kabla jua halijatua.

Mfano mwingine unatoka Valparai, uwanda wa mashamba ya chai na kahawa katika milima ya Anamalai, jimbo la Tamil Nadu, India, ambao umezungukwa na misitu. Huko watu wengi waliouawa hawakuuawa shambani. Waliuawa wakitembea gizani, pengine wakitoka kwenye kituo cha basi kwenda nyumbani, bila kujua kwamba tembo yuko kwenye kona iliyo mbele. Wahifadhi na wakazi walianzisha mpango wa kutuma ujumbe wa simu kila jioni kwa wakazi walio karibu na mahali kundi lilipoonekana, na wakaweka taa nyekundu sehemu za juu, zinazoonekana kutoka mbali, ambazo wakazi wenyewe wanaweza kuziwasha kwa simu. Taa ikiwaka, watu wanakatisha safari au wanapita njia nyingine. Vifo vilipungua sana, na hakuna tembo aliyefukuzwa wala kuhamishwa. Hatukuambii kwamba mazao hayaliwi tena. Yanaliwa, na fidia ya haraka ni haki ya mkulima, ingawa katika nchi nyingi huchelewa au huwa ndogo.

SWALI: Niliona picha za tembo aliyesafirishwa kwa ndege kutoka Pakistan. Yuko wapi sasa, na kwa nini wanaookolewa hawaachiwi tu msituni? (Wasomaji kadhaa)

JIBU: Huyo ni Kaavan. Alizaliwa Sri Lanka na kutolewa zawadi kwa Pakistan mwaka 1985, akiwa bado ndama, akaishi katika bustani ya wanyama ya Islamabad. Mwenzake, jike aliyeitwa Saheli, alikufa mwaka 2012, na tangu hapo Kaavan alibaki peke yake, akitikisa kichwa huku na huku kwa saa nyingi, jambo ambalo tembo wa porini hafanyi. Mwezi Mei 2020 Mahakama Kuu ya Islamabad iliamuru ahamishwe. Mwisho wa Novemba mwaka huo alifika Cambodia, katika hifadhi ya Kulen Promtep.

Kati ya amri na safari kulikuwa na miezi ya kazi isiyoonekana kwenye picha. Kwa kuwa alikuwa amenenepa kwa kulishwa miwa mingi, ilibidi apunguzwe uzito karibu nusu tani. Kisha alizoeshwa kuingia katika sanduku kubwa la chuma kwa hiari yake, hatua kwa hatua, akituzwa chakula, kwa maana tembo aliyelazimishwa kuingia anaweza kujiumiza vibaya angani. Alipofika, alinyoosha mkonga akagusana na tembo mwingine, jambo ambalo hakuwa amelifanya kwa miaka minane.

Sasa kuhusu kumwachia msituni. Tembo wa porini hufundishwa na mama, shangazi na bibi zake mahali maji yanapopatikana wakati wa kiangazi na vitu vya kuogopa. Aliyekulia kwenye mnyororo hana elimu hiyo, na baya zaidi, hamwogopi mtu. Akiona moshi wa jiko, kwake hiyo ni ishara ya chakula, naye ataelekea kijijini. Anaweza pia kubeba kifua kikuu alichoambukizwa na binadamu na kukipeleka kwa wenzake wa porini. Thailand wapo waliorudishwa msituni, katika hifadhi za Sublangka na Doi Pha Muang, lakini ni wanyama waliochaguliwa na kufuatiliwa kwa uangalifu.

Tena wengi ni wagonjwa, na ugonjwa mkuu uko miguuni. Unyayo wa tembo una tabaka nene la mafuta linalobeba tani kadhaa, na porini kutembea kwingi huulainisha na kupunguza kucha. Anayesimama kwenye zege au kwenye mkojo wake mwenyewe kwa miaka, kucha hupasuka, usaha hujikusanya chini yake, na uchafu hula hadi mfupani. Matibabu yake si ya kishujaa. Mtunzaji hukaa upande wa pili wa nondo. Tembo, aliyefundishwa kwa ndizi na maneno, huinua mguu na kuuweka kwenye tundu. Unaloweshwa katika beseni la maji ya vuguvugu yenye dawa, nyama iliyooza inakatwa kwa kisu kidogo, kucha zinapigwa tupa. Kesho hivyo hivyo, na pengine kwa maisha yake yote yaliyobaki, ambayo yanaweza kuwa miaka 20 au zaidi. Hospitali iliyofunguliwa karibu na Mathura, India, mwaka 2018 na shirika la Wildlife SOS hufanya kazi ya namna hii kila siku. Huko Lampang, Thailand, ambako hospitali ya tembo ilianzishwa mwaka 1993, tembo aitwaye Mosha, aliyepoteza sehemu ya mguu kwa bomu la kutegwa ardhini mwaka 2006 akiwa na miezi saba, alitengenezewa mguu wa bandia, na kila alipoongezeka uzito ilibidi atengenezewe mwingine.

SWALI: Ndama yatima wananyweshwa maziwa gani? Wanafunzi wangu wamebishana: wengine wanasema ya ng'ombe. (Mwalimu wa shule ya msingi)

JIBU: Maziwa ya ng'ombe humharisha ndama wa tembo, na kuhara kwaweza kumuua upesi. Vituo vingi hutumia maziwa ya unga ya watoto wachanga, yakiongezwa virutubisho kulingana na umri. Katika kituo cha Udawalawe, Sri Lanka, kilichoanzishwa mwaka 1995, ndama hunyweshwa kila baada ya saa tatu, mchana na usiku, maziwa yakimiminwa katika faneli yenye mpira mrefu unaoingia kinywani. Wenye njaa hupiga kelele na kusukumana mlangoni.

Jambo la kuwaeleza wanafunzi ni kwamba wageni hawaruhusiwi kuwagusa. Ndama hukaa wenyewe kwa wenyewe wakajenga urafiki, na wakifikia umri wa miaka minne au mitano hivi huachiwa hifadhini wakiwa kikundi, baadhi wakiwa na kola za kuwafuatilia. Zaidi ya 100 wamekwisha kuachiwa, na baadhi ya majike wameonekana baadaye wakiwa na watoto wao. Hawa, tofauti na Kaavan, waliwahi kupata nafasi ya kutozoea watu. Kituo kilicho karibu na Kaziranga, katika jimbo la Assam nchini India, hufuata utaratibu unaofanana na huo, na ndama wake hupelekwa katika hifadhi ya Manas.

SWALI: Natarajia kusafiri kusini-mashariki mwa Asia. Je, ni vibaya kumpanda tembo? Na nitatambuaje makao ya kweli, maana kila mahali wameandika kwamba ni makao ya uokoaji? (Msafiri)

JIBU: Usimpande. Hoja kubwa inahusu namna alivyofundishwa kukubali kupandwa, zaidi ya uzito wako mgongoni: kwa kawaida ndama hutenganishwa na mama yake, akabanwa katika zizi jembamba la magogo, akafungwa, akanyimwa chakula na kuchomwa kwa ndoano mpaka aache kupinga. Kumwogesha na kupiga naye picha kwa karibu kunahitaji mnyama aliyefundishwa vivyo hivyo, kwa hiyo mahali palipoacha kupandisha watu lakini panauza tiketi za kuoga na tembo hapajabadilika sana.

Usiwahukumu haraka waongozaji wa tembo, wanaojulikana huko kwa jina la mahaut. Thailand ilipopiga marufuku ukataji wa magogo wa kibiashara mwaka 1989, wao na wanyama wao walipoteza kazi kwa pamoja, na utalii ndio uliowapokea. Watalii walipotoweka mwaka 2020 kwa sababu ya korona, zaidi ya tembo 100 walitembezwa kwa miguu kurudi vijijini katika milima ya kaskazini, kwa sababu hapakuwa na fedha za kuwalisha. Kwa hiyo uliza mwongozaji analipwa nini na kama ana bima. Mahali panapomlipa vibaya, ndoano haikai mbali.

Angalia pia kama tembo wanaweza kuondoka mbele yako wakitaka, na kama usiku wanafungwa kwa mnyororo mfupi. Zaidi ya yote, uliza ndama wanatoka wapi. Mimba ya tembo huchukua hadi miezi 22, na jike akizaa hukaa miaka kadhaa kabla ya kuzaa tena. Kituo kinachoonyesha ndama wachanga kila msimu aidha kinazalisha kwa ajili ya watalii au kinanunua. Makao yanayoitwa ya uokoaji yanapaswa kuweza kukuonyesha kumbukumbu za kila mnyama: alitoka kwa nani, lini, na kwa karatasi gani. Wakikujibu kwamba karatasi ziko ofisini mjini, tafuta mahali pengine.